Kiwanja cha Marehemu Kimeuzwa kwa Deni la Kodi: Warithi Wafanye Nini?



Katika mikutano yetu hapa Misisi, swali moja linarudi mara nyingi. Mtu anasimama na kusema: "Tulikimbia vita. Baba alikufa. Tuliporudi tulikuta mtu mwingine anaishi katika parseli yetu. Anatuonyesha karatasi inayosema kwamba kiwanja kiliuzwa kwa sababu kodi haikulipwa. Je, tumekipoteza kabisa?"

Swali hili ni zito, kwa sababu kiwanja cha Misisi si udongo tu. Dhahabu imeleta watu kutoka pande zote za Kivu na hata mbali zaidi, na bei ya viwanja imepanda. Mahali palipouzwa kwa bei ndogo wakati wa vita, leo panaweza kuleta ugomvi wa jamaa mbili, halafu wa koo mbili, halafu wa vijana wenye silaha. Ndiyo maana tumeona vema kuandika somo hili. Lisomeni pamoja katika jamaa, kanisani, msikitini au katika kamati ya wakimbizi, kisha mjadili maswali yaliyo mwishoni.

SHABAHA YA SOMO

Baada ya somo hili, msomaji aweze:
- kutofautisha kodi halali na malipo mengine yanayoitwa kodi;
- kujua ni nani mrithi mbele ya sheria ya Kongo;
- kufuata hatua za kupinga mauzo bila kumwaga damu;
- kumtendea mnunuzi kama binadamu, hata tunapodai haki yetu.

MFANO WA KUANZIA

Mfano huu tumeutunga sisi wenyewe ili tujifunze. Hauhusu jamaa fulani, lakini wengi wenu mtautambua.

Baba mmoja alikuwa na kiwanja Misisi. Alijenga nyumba ya matofali ya kuchoma, akaezeka bati. Mwaka 1998 vita vilipoanza tena, akafa. Mke wake na watoto wanne, wavulana wawili na wasichana wawili, wakavuka Ziwa Tanganyika na kuishi katika kambi ya Lugufu, upande wa Kigoma. Mwaka 2007 walirudi kwa meli mpaka Baraka, kama maelfu ya watu wa Fizi walivyorudi tangu Oktoba 2005 kwa msaada wa HCR. Kutoka Baraka wakapanda mpaka Misisi.

Nyumbani wakamkuta mtu mwingine, mke wake na watoto. Mtu huyo naye alikuwa mkimbizi, kijiji chake kilichomwa moto. Alilipa kiwanja kwa pesa alizopata kwa kuchimba dhahabu. Akatoa karatasi: "Parseli imeuzwa kwa ajili ya deni la kodi ya miaka saba." Chini kulikuwa na sahihi ya kiongozi mmoja na ya mashahidi wawili.

Kijana mkubwa akakasirika. Akataka kuita wenzake waje usiku. Mama yake akamwambia: "Mwanangu, miaka yote hii tumekimbia risasi. Sitaki zianzie nyumbani kwangu."

Je, jamaa hii ingefanya nini? Tuendelee pole pole.

1. KWANZA ULIZA: NI KODI GANI?

Kwetu neno "kodi" linatumika kwa mambo mengi. Kabla ya kubishana juu ya mauzo, jueni ni deni la namna gani linalotajwa. Tunaweza kutofautisha aina nne.

a) Kodi ya Serikali juu ya ardhi na nyumba. Hii inatokana na sheria ya tarehe 10 Februari 1969, nayo leo ni kodi ya jimbo. Inalipwa kwa ofisi ya mapato, na anayelipa anapewa risiti rasmi. Katiba ya tarehe 18 Februari 2006, kifungu cha 174, inasema kwamba hakuna kodi inayoweza kuwekwa isipokuwa kwa sheria. Basi anayedai kodi aweze kutaja sheria inayompa ruhusa.

b) Malipo ya mwaka ya kontra ya ardhi. Yanamhusu mtu aliyefanya kontra na Serikali katika ofisi ya ardhi. Asipolipa, Serikali inaweza kuvunja kontra kwa kufuata utaratibu. Lakini ofisi ya ardhi ndiyo yenye kushughulikia jambo hilo, si jirani wala kiongozi wa mtaa peke yake.

c) Malipo ya desturi. Ni heshima au mchango unaopelekwa kwa chifu au kwa wenye ardhi. Desturi ina nafasi yake, tena mahali pengi ndiyo iliyotulinda. Lakini malipo ya desturi si kodi ya Serikali. Mtu aliyekosa kupeleka mchango kwa chifu kwa sababu alikuwa kambini hawezi kuuziwa nyumba kwa jina la kodi ya Serikali.

d) Pesa zilizotozwa na wenye silaha. Hiyo si kodi hata kidogo, hata kama ulipewa karatasi yenye muhuri. Mtu aliyekimbia bila kulipa pesa hizo hana deni mbele ya sheria.

Mara nyingi ugomvi unaanza kupungua hapa hapa. Karatasi inasema "kodi", lakini ukiuliza vizuri unakuta ni aina ya tatu au ya nne.

2. DENI HALIHAMISHI MALI KWA SIKU MOJA

Tuseme kwamba deni ni la kweli, ni kodi ya Serikali. Hata hapo, mali haiuzwi kwa mapatano ya watu wawili chini ya mwembe. Sheria ya tarehe 13 Machi 2003 juu ya utaratibu wa kodi inaonyesha njia ya kukusanya kodi kwa nguvu. Kwa kifupi ni hivi:

- Mwenye deni anaandikiwa na ofisi ya kodi, na kiasi cha deni kinatajwa.
- Asipolipa, anapewa amri ya kulipa katika siku 8.
- Asipotii, mtumishi mwenye mamlaka ya kukamata mali anakuja na kuandika maandishi ya ukamataji.
- Mali inauzwa kwa mnada wa wazi, mbele ya watu, baada ya tangazo.
- Deni na gharama vikiisha kulipwa, pesa zinazobaki ni za mwenye mali.

Angalieni jambo la mwisho. Nyumba ya thamani kubwa haiwezi kumezwa na deni dogo. Kama deni lilikuwa dogo na mali iliuzwa kwa bei kubwa, warithi wana haki ya kuuliza: pesa iliyobaki iko wapi?

Katiba, kifungu cha 34, inasema kwamba mali ya mtu binafsi ni takatifu, na kwamba Serikali inalinda haki ya mali iliyopatikana kwa sheria au kwa desturi. Maneno "au kwa desturi" ni ya maana sana kwetu. Watu wengi wa Misisi hawana cheti cha ofisi ya ardhi. Wana ushuhuda wa wazee, karatasi ya chifu wa lokalite, au kaburi la babu nyuma ya nyumba. Katiba haikuwasahau.

Lakini tuseme ukweli pia. Sheria ya ardhi ya tarehe 20 Julai 1973 ilisema kwamba udongo wote ni mali ya Serikali. Kile ambacho jamaa inacho ni haki ya kuutumia, pamoja na nyumba na vitu ilivyoweka juu yake. Haki hiyo ndiyo inayorithiwa. Usimwambie hakimu, "Udongo ni wetu tangu Adamu." Mwambie: "Baba yetu alikuwa na haki hapa, na haki hiyo imetufikia sisi."

Tena, warithi hawarithi mali peke yake, wanarithi na madeni. Kama marehemu alikuwa na deni la kweli, msilikatae. Wazee wetu walisema: dawa ya deni ni kulipa. Jamaa inayokuja na kusema, "Tuonyesheni hesabu, tuko tayari kulipa kilicho halali," inasikilizwa kuliko jamaa inayokuja na mapanga.

3. NANI NI MRITHI?

Kesi nyingi zinaharibika mapema kwa sababu warithi wenyewe hawapatani. Ami anadai, mjane anadai, mtoto wa nje anadai, na mnunuzi anakaa akiwaangalia wanavyogombana.

Sheria ya jamaa ya tarehe 1 Agosti 1987, iliyorekebishwa tarehe 15 Julai 2016, inapanga warithi kwa makundi, pale ambapo marehemu hakuacha wasia:

- Kundi la kwanza ni watoto wa marehemu: waliozaliwa katika ndoa, waliozaliwa nje lakini wakatambuliwa na baba, na wale aliowapanga kisheria kuwa watoto wake. Kundi hili linapata robo tatu ya urithi, na watoto wanagawana sawa. Mtoto aliyekufa akiacha watoto, hao wanachukua nafasi yake.
- Kundi la pili ni mke au mume aliyebaki, wazazi wa marehemu, na ndugu zake. Hawa wanapata robo iliyobaki.
- Kundi la tatu ni ami, wajomba na mashangazi, wanaoingia pale ambapo makundi ya kwanza hayapo.

Mambo mawili yanasahauliwa hapa kwetu. La kwanza: binti ni mrithi sawa na mvulana. Sheria haisemi kwamba msichana aliyeolewa amekwisha kupata fungu lake kwa mumewe. La pili: mjane ana haki ya kuendelea kuitumia nyumba aliyoishi na mumewe. Ndugu za marehemu wasimfukuze, na mnunuzi asiseme, "Nilipatana na shemeji yako, yatosha."

Kama aliyeuza ni ami, naye aliuza bila watoto kukubali, aliuza kitu kisichokuwa chake peke yake. Hilo ni neno la kwanza la kupeleka kwa hakimu.

4. HATUA ZA KUFUATA

Hatua ya kwanza: usivunje mlango, usimfukuze mtu. Anayejichukulia haki kwa nguvu anageuka kuwa mshitakiwa. Leo wewe ndiye uliyeonewa. Kesho, ukimpiga mtu, wewe ndiye utakayeingia gerezani, na kiwanja kitabaki kwa mwingine.

Hatua ya pili: fanyeni kikao cha jamaa. Andikeni majina ya warithi wote, pamoja na wale walio bado Nyarugusu au mahali pengine. Chagueni mtu mmoja mwaminifu awe msimamizi wa urithi. Wote watie sahihi au alama ya kidole. Bila msimamizi anayetambuliwa, mahakama itauliza: "Wewe unasema kwa niaba ya nani?"

Hatua ya tatu: kusanyeni ushahidi. Karatasi ya ununuzi ya baba, risiti za zamani, picha, karatasi ya chifu, kadi ya posho ya kambi, karatasi ya HCR ya kurudi kwa hiari. Kadi ya kambi inaonyesha ni miaka gani hamkuwapo, na kwa nini hamkupata barua ya kodi. Kama hamna hati ya kifo cha baba, kwa sababu alikufa porini wala hakuna aliyeandika, ombeni mahakama itoe hukumu ya kuziba pengo la hati hiyo. Waleteni mashahidi waliomzika au waliojua kifo chake. Tafuteni pia majirani wa mipaka yote minne ya kiwanja. Wazee hawakai milele, kwa hiyo andikeni maneno yao wangali hai.

Hatua ya nne: ombeni kuona karatasi za mauzo. Ulizeni kwa adabu, na mwandike majibu:
- Deni lilikuwa la kodi gani, la miaka ipi, kiasi gani?
- Barua ya deni iliandikwa kwa jina la nani, na ilipokelewa na nani?
- Nani alitoa amri ya kukamata mali, na ya tarehe gani?
- Mnada ulitangazwa wapi, na ulifanyika siku gani?
- Mnunuzi alilipa kiasi gani, na pesa iliingia wapi?
- Risiti ya ofisi ya mapato iko wapi?

Marehemu hawezi kupokea barua. Kama barua ilipelekwa kwa jina lake kwenye nyumba iliyokimbiwa, au kama hakuna barua yoyote, mwelezeni hakimu jambo hilo waziwazi. Ni hoja yenye nguvu.

Hatua ya tano: andikeni barua ya kupinga. Ipelekeni kwa mnunuzi, kwa aliyeuza, kwa kiongozi wa mahali na kwa ofisi ya ardhi. Semeni nyinyi ni nani, mnapinga nini, na ombeni kiwanja kisiuzwe tena wala kisiandikishwe kwa jina jipya mpaka jambo liishe. Bakini na nakala yenye sahihi ya aliyeipokea na tarehe.

Hatua ya sita: jaribuni usuluhishi. Tutasema zaidi hapa chini.

Hatua ya saba: nendeni mahakamani. Sheria ya tarehe 11 Aprili 2013 imeipa Mahakama ya Amani, ile watu wanayoita tribinali ya pe, kazi ya kusikiliza kesi za jamaa, za urithi, na za ardhi inayofuata desturi. Kama kiwanja kina cheti cha ofisi ya ardhi, jambo kwa kawaida linakwenda kwa mahakama iliyo juu yake, tribinali kubwa. Kupeleka kesi kwa mahakama isiyo yake kunapoteza miezi na pesa, kwa hiyo ulizeni kwanza kwa wakili au kwa shirika la msaada wa sheria.

ANGALIENI MUDA

Watu wengi wanapoteza haki yao kwa kuchelewa, hata kama ushahidi ulikuwa mzuri. Shikeni tarakimu hizi:

- Miaka 2: mnunuzi akiisha kupata cheti cha kuandikisha katika ofisi ya ardhi, na miaka 2 ikipita, ni vigumu sana kukivunja. Mara nyingi kinachobaki ni kudai fidia.
- Siku 30: ndio muda wa kukata rufani katika kesi ya madai.
- Kama hukumu ilitolewa nanyi hamkuitwa: mtu ambaye hakuitwa katika kesi, na hukumu inamdhuru, anaweza kuipinga mbele ya mahakama ile ile kama mtu wa tatu. Jamaa nyingi zilizokuwa kambini ziko katika hali hiyo. Msikubali mtu awaambie, "Kesi imekwisha, hakuna la kufanya," kabla ya kumwuliza mwanasheria.

5. TUTAZAME NG'AMBO YA ZIWA

Majirani zetu wa Burundi wametufunza mengi juu ya jambo hili. Mwaka 1972 watu wengi walikimbia Burundi, hasa kutoka upande wa kusini na pwani ya Rumonge, ambako kuna mashamba ya michikichi. Ardhi zao zikapewa wengine. Sheria ya ardhi ya nchi ile ya mwaka 1986 ilimtambua mtu aliyekaa juu ya ardhi miaka 30, au miaka 15 kama alikuwa na nia njema. Basi waliorudi baada ya zaidi ya miaka 30 walikuta wenzao wana haki ya maandishi. Wote wawili walikuwa na neno la kusema.

Mapatano ya Arusha ya tarehe 28 Agosti 2000 yalisema wakimbizi waweze kupata tena mali zao. Mwaka 2006 ikaundwa tume ya taifa ya ardhi na mali nyingine. Mwanzoni tume ilipenda kuwapatanisha watu, mara nyingi kwa kugawa shamba kati ya aliyerudi na aliyekaa. Tangu 2011 ikageuka na kutaka mali irudishwe yote kwa mwenyewe wa kwanza. Hasira ikaongezeka. Mwaka 2013 katika mtaa wa Ngagara, Bujumbura, kutolewa kwa jamaa moja katika nyumba kulileta vurugu mitaani.

Tunajifunza mawili. Kwanza, miaka inapita haraka, na kila mwaka unampa nguvu aliye ndani. Pili, hukumu inayompa mmoja yote na kumwacha mwingine njiani inaweza kuwa halali na bado isilete amani. Mtu aliyetupwa nje na watoto wake hasahau.

Nchi za Maziwa Makuu, pamoja na Kongo, ziliona hatari hii. Desemba 2006 jijini Nairobi zilikubaliana, katika mkataba wao wa usalama na maendeleo, juu ya itifaki ya haki za mali za watu wanaorudi makwao. Itifaki hiyo inataka nchi ziweke njia rahisi za kurudishiwa mali, na inawataja hasa wanawake na watoto. Viongozi wetu wana msingi wa kuitumia.

6. NA MNUNUZI JE?

Katika mfano wetu, mnunuzi hakuwa mwizi. Alikuwa mkimbizi aliyetoa jasho lake chini ya shimo. Alidanganywa pamoja na warithi. Mbele ya sheria, aliyenunua kitu kwa mtu asiyekuwa na haki ya kukiuza anaweza kumdai aliyemwuzia. Basi warithi na mnunuzi wanaweza kusimama upande mmoja: wote wawili wamwulize aliyeuza, "Pesa iko wapi?"

Katika usuluhishi, wazee wanaweza kupendekeza njia mbalimbali:
- kiwanja kirudi kwa warithi, mnunuzi apewe muda wa kuvuna mihogo yake na kutafuta mahali, na alipwe kwa kile alichojenga;
- kiwanja kigawanywe, kama ni kikubwa, kila mmoja apate njia yake;
- mnunuzi abaki, lakini awalipe warithi thamani inayobaki kwa bei ya haki.

Mapatano yoyote yaandikwe, yasomwe kwa sauti katika lugha ambayo kila mtu anaielewa, yatiwe sahihi na warithi wote, wanawake kwa wanaume. Yapelekwe mahakamani yathibitishwe, ili kesho mtoto aliyekuwa mdogo asiamshe ugomvi tena.

Viongozi wasiache neno hili liwe la kabila. Kiwanja kina namba na mipaka, hakina kabila. Mtu akianza kusema "watu wa upande ule wanatunyang'anya", mrudisheni kwenye swali: nani aliuza, lini, kwa karatasi gani?

7. WAKATI WA VITA

Tunajua kwamba wengi mnaosoma haya mko tena njiani. Tangu Bukavu ilipotekwa Februari 2025, ofisi nyingi za jimbo letu zimevurugika, na watu wamehama mara ya pili na ya tatu. Huenda mahakama iliyo karibu nanyi haifanyi kazi. Hata hivyo kuna mambo mnayoweza kufanya leo bila hakimu: kikao cha jamaa, orodha ya warithi, maneno ya mashahidi, barua ya kupinga, nakala za karatasi. Pigeni picha za hati kwa simu, na mtumie jamaa aliye mahali pengine. Mvua na moto havitaweza kuzifikia zote pamoja. Msitie sahihi ya kuuza kwa hofu, wala msinunue nyumba ya mtu aliyekimbia kwa sababu tu bei ni ndogo.

Mliobaki na amani kidogo, tengenezeni mambo mapema. Lipeni kodi iliyo halali, dai risiti, itunze. Baba aandike wasia au awaeleze mke na watoto mipaka ya kiwanja. Jamaa inayokimbia imwachie jirani mwaminifu karatasi ya kutazama mahali, mbele ya mashahidi. Mali bila daftari hupotea bila habari.

MWISHO WA MFANO WETU

Turudi kwa yule mama na watoto wake wanne. Walikaa kikao, wakamchagua binti wa pili kuwa msimamizi, kwa sababu alisoma na hana haraka ya ugomvi. Waliuliza risiti ya kodi, haikuonekana popote. Ofisi ya mapato haikuwa imeandika barua yoyote. Deni la "miaka saba" lilikuwa pesa zilizodaiwa wakati wa vita na watu wenye silaha. Mnunuzi aliposikia hayo, alinyamaza muda mrefu, kisha akasema: "Basi mimi pia nimeibiwa."

Walipatana mbele ya wazee: akae miezi sita, avune, alipwe mabati aliyoongeza na choo alichochimba. Na wote wakaandika madai ya pamoja kwa aliyeuza. Pesa hizo hazikurudi zote. Lakini siku ya kuhama, watoto wa jamaa mbili walibeba vyombo pamoja.

MASWALI YA KUJADILI

1. Katika mtaa wenu, neno "kodi" linatumika kwa malipo gani? Yapi ni ya Serikali, yapi ni ya desturi?
2. Ikiwa baba angekufa leo, je, watoto wote, pamoja na wasichana, wangejua mipaka ya kiwanja na mahali karatasi zilipo?
3. Kama wewe ungekuwa mnunuzi katika mfano wetu, ungetaka utendewe namna gani?
4. Viongozi: mna daftari la viwanja vya watu waliokimbia? Nani anaruhusiwa kuliandika, na nani analisoma?
5. Chagueni jambo moja mtakalofanya kabla ya mkutano ujao. Nani atalifanya, na siku gani?

Kama jamaa yenu ina jambo la namna hii, msikae nalo peke yenu. Mtafuteni mwanasheria au shirika la msaada wa sheria lililo karibu, na nendeni na nakala, si karatasi zenyewe. Sisi tunaotembea vijijini tutaendelea kusikiliza. Tunawatakia amani nyumbani mwenu, na kwa wale ambao bado hawajafika nyumbani, tunawaombea njia njema.